Afande Alilinda Nini?

Nikiwa kidato cha tatu tuligoma. Sababu tuliyotoa ilikuwa maharagwe yenye wadudu, ingawa ukweli ni kwamba wadudu hao tulikuwa tumewala tangu kidato cha kwanza. Vioo vikavunjwa, sukari ikaporwa, na kabla ya saa nne usiku landrova ya polisi ilikuwa getini. Maafande wawili waliachwa nasi wiki nzima. Walilala stoo, kando ya magunia ya mahindi. Huku mabwenini watoto wa kidato cha kwanza walikuwa wakipigwa kila usiku kwa kosa la kukataa kutoka darasani siku ya mgomo. Hakuna afande aliyefika huko, na hakuna aliyewaambia wafike.

Nimeikumbuka wiki hiyo kila nikisoma habari za migomo ya shule zetu. Kwa kawaida tunaisimulia kama vita kati ya wanafunzi na mwalimu mkuu. Lakini waliokufa mara nyingi ni wanafunzi wenyewe, tena wengine ni wale waliokataa kugoma.

Usiku wa Julai 13, 1991, katika shule ya mseto ya St Kizito huko Tigania, Meru, wavulana walitaka kugoma na wasichana wakakataa kujiunga nao. Wasichana wakakimbilia bweni moja, wakajibana humo wakidhani wingi wao ungewakinga. Wavulana waliuvunja mlango. Wasichana 19 walikufa, wengi wakiwa wamekanyagwa au kukosa pumzi, na 71 wakabakwa. Wazee wangu walizungumza habari hiyo kwa sauti ya chini, sisi watoto tukiambiwa twende nje tukacheze.

Mei 1999, Nyeri High, viranja wanne walifungiwa chumbani mwao usiku na kuchomwa kwa petroli. Machi 2001 ikaja Kyanguli, Machakos: wavulana 67 waliteketea bwenini. Mlango mmoja ulikuwa umefungwa kwa kufuli, na madirisha yalikuwa na vyuma. Vyuma hivyo viliwekwa kwa ajili ya usalama, si ndiyo?

Baada ya misiba kama hiyo serikali ilitoa mwongozo wa usalama shuleni mwaka 2008. Milango ya mabweni ifunguke kwa nje, isifungwe kwa kufuli wanafunzi wakiwa ndani, madirisha yasiwe na vyuma. Ni maagizo mazuri, na fundi yeyote wa mtaani angeyatekeleza kwa siku chache. Hata hivyo mwaka 2016 shule zaidi ya 100 zilichomwa, na bado kulikuwa na mabweni yenye vyuma madirishani.

Si kwamba dola haijui kulinda. Mwaka huohuo wa 2016 karatasi za mtihani wa KCSE zilianza kuhifadhiwa kwenye makontena yenye kufuli mbili, funguo zikishikwa na maafisa wawili tofauti, na polisi wenye bunduki wakisimama nje usiku na mchana. Mwaka mmoja kabla, Januari 19, 2015, watoto wa shule ya msingi ya Lang'ata Road, Nairobi, waliandamana kuusukuma ukuta uliozungushiwa uwanja wao wa michezo. Polisi walikuwepo mapema kabisa, na mbwa wao. Waliwarushia watoto hao vitoza machozi. Waziri wa usalama, Joseph Nkaissery, aliomba radhi baadaye.

Sisemi polisi walale mabwenini, Mungu apishe mbali. Mtoto wa miaka 14 hahitaji bunduki mlangoni. Anahitaji mtu mzima aliye macho saa nane za usiku, na mlango unaofunguka. Kule kwetu mwalimu wa zamu alikuwa akienda kulala saa tatu.

Ijumaa landrova ilirudi kuwachukua maafande wetu. Mtunza stoo aliyahesabu magunia mbele yao, akatia sahihi daftarini kwamba yote yapo. Wiki iliyofuata vijana wawili wa kidato cha kwanza walikuja kuchukuliwa na mama zao, masanduku kichwani, na sisi tukawaangalia kutoka dirishani.