Triceratops: Aliyetoa Jina na Waliochimba

Katika vitabu vya elimu ya visukuku, jina la dinosaria mwenye pembe tatu huandikwa hivi: Triceratops Marsh, 1889. Neno la kwanza ni jina la jenasi, la pili ni la mtu aliyelitoa, na tarakimu ni mwaka lilipochapishwa. Msomaji asiye na habari atadhani kwamba huyo Marsh ndiye aliyemkuta mnyama ardhini. Hakumkuta. Ni vema tukafuatilia jinsi jina hilo lilivyopatikana, maana ndani yake mna swali linalogusa vyuo na ofisi zetu hadi leo: kazi ya wengi inapokamilika, nani huandikwa kuwa ndiye aliyeifanya?

Othniel Charles Marsh alikuwa profesa wa Chuo Kikuu cha Yale, mpwa wa tajiri George Peabody, na hasimu mkubwa wa mwanasayansi mwenzake Edward Drinker Cope. Mwaka 1887 aliletewa pembe mbili zilizochimbuliwa karibu na mji wa Denver, Colorado. Alizitazama, akaamua kwamba ni za nyati mkubwa wa kale, akampa jina la Bison alticornis. Kosa hilo lilieleweka, kwa kuwa hadi siku hiyo hakuna aliyekuwa na picha kamili ya dinosaria mwenye pembe za namna ile juu ya macho.

Aliyemwondoa profesa katika kosa hilo hakuwa msomi. Huko Wyoming, Edmund Wilson, msimamizi wa wachunga ng'ombe wa Charles Guernsey, aliona fuvu kubwa limechomoza kwenye ukingo wa korongo. Akarusha kamba yake ya kitanzi, akainasa pembe na kuivuta. Pembe ikakatika mkononi mwake, fuvu likaporomoka hadi chini. Mwaka 1888, John Bell Hatcher, mkusanyaji wa visukuku aliyeajiriwa na Marsh, alikisikia kisa hicho kwa Guernsey na kuiona pembe yenyewe. Habari zikafika Yale. Mwaka uliofuata Hatcher alirudishwa Wyoming, akalichimbua fuvu, na mwaka huohuo Marsh akachapisha jina jipya lililoundwa kwa maneno ya Kigiriki yenye maana ya uso wenye pembe tatu. Yule nyati wa Denver naye akaonekana kuwa dinosaria.

Hatcher hakuishia hapo. Hadi mwaka 1892 alikuwa amechimbua mafuvu zaidi ya 30 ya dinosaria wenye pembe, mengine yakikaribia tani 3 pamoja na kreti zake, akiyasafirisha kwa mikokoteni ya farasi katika nchi isiyo na barabara. Alikuwa mtoto wa familia ya wakulima, aliyewahi kufanya kazi katika migodi ya makaa ya mawe ili ajilipie masomo. Kazi ya kuchimba ilikuwa yake. Kazi ya kutaja ilikuwa ya bwana wake. Mwaka 1890 manung'uniko ya baadhi ya wasaidizi wa Marsh, kwamba alikuwa akijitwalia matunda ya jasho lao, yalifika hadi kurasa za gazeti la New York Herald.

Ardhi yenyewe nayo ilikuwa na wenyewe. Kwa Mkataba wa Fort Laramie wa mwaka 1868, serikali ya Marekani ilikubali kwamba nchi iliyo kaskazini mwa mto North Platte, ambamo fuvu lile lilipatikana, ilikuwa bado haijaachiliwa na Wahindi Wekundu. Miaka 20 baadaye ilikuwa malisho ya ng'ombe wa walowezi. Marsh aliwafahamu Walakota. Mwaka 1874 alikwenda kwao kutafuta mifupa, na kiongozi wao, Red Cloud, akamwonyesha chakula kibovu walichokuwa wakigawiwa na maofisa wa serikali. Marsh aliibeba shutuma hiyo hadi Washington, akaitangaza hadharani, na mwaka 1875 Waziri wa Mambo ya Ndani akajiuzulu. Kwa hiyo hatuwezi kumwita Marsh mtu asiye na dhamiri. Aliuona upesi wizi uliofanyika katika ghala za wengine. Uliokuwa ndani ya maabara yake haukumsumbua.

Hatcher alifariki mwaka 1904 kwa homa ya matumbo, akiwa na umri wa miaka 42. Mwaka 1905 fuvu mojawapo lilipewa jina la Diceratops hatcheri. Kaburi lake huko Pittsburgh lilikaa bila jiwe lenye jina hadi mwaka 1995.

Sisi wa Afrika Mashariki tunakijua kisa cha namna hii. Kati ya 1909 na 1913, Wajerumani walichimba mifupa ya dinosaria katika kilima cha Tendaguru, Lindi, miaka michache tu baada ya Vita vya Majimaji. Mamia ya wenyeji walichimba, wapagazi wakaibeba mizigo kichwani hadi bandarini, na Boheti bin Amrani akawa msimamizi na fundi mkuu wa kazi hiyo. Mifupa ilikwenda Berlin. Ilipofika mwaka 2007, karibu karne nzima baadaye, ndipo dinosaria mmoja wa Tendaguru alipoitwa Australodocus bohetii. Hatcher na Boheti, mmoja Mmarekani msomi, mwingine Mwafrika chini ya ukoloni, wote wawili walipata heshima ya aina moja: jina la pili, lile la spishi, lililotolewa na mtu mwingine.

Kanuni ya kuandika jina la aliyechapisha ina sababu yake, kwani bila hiyo sayansi ingevurugika kwa majina yanayogongana. Lakini kanuni hiyo inaeleza nani alichapisha, haielezi nani aligundua. Tumezoea kuyachanganya mambo hayo mawili. Mwanafunzi hukusanya takwimu vijijini, makala ikatoka kwa jina la mhadhiri. Ofisa wa ngazi ya chini huandika ripoti, mkuu wake akaitia saini na kupigiwa makofi. Hakuna sheria inayotuzuia kuandika majina ya wote waliofanya kazi, tena wakiwa hai na wanaweza kuyasoma.