Msalaba ulio katika Broad Street, Oxford

Katika mji wa Oxford, Uingereza, kuna njia pana iitwayo Broad Street. Zamani ilikuwa nje ya ukuta wa mji, na jina lake lilikuwa njia ya wachuuzi wa farasi. Leo imezungukwa na vyuo na nyumba za vitabu. Mbele ya chuo cha Balliol, mawe yamepangwa chini katikati ya njia kwa mfano wa msalaba. Ni alama ya nini?

Tarehe 16 Oktoba 1555, wakati wa Malkia Maria Tudor, maaskofu Hugh Latimer na Nicholas Ridley walichomwa moto pale wakingali hai. Tarehe 21 Machi 1556 alifuata Thomas Cranmer, aliyekuwa askofu mkuu wa Canterbury. Walikuwa wameyakana mafundisho ya Eklezya juu ya Misa. Tena waliobishana nao kwanza hawakuwa askari, bali waalimu wa teolojia. Malkia yule alichoma watu karibu 280. Alikuwa Mkatoliki, haitufai kulificha jambo hilo.

Kisha Malkia Elizabeti aligeuza mambo. Kwa sheria ya mwaka 1585, padri Mwingereza aliyepewa upadri ng'ambo alihesabiwa kuwa msaliti akionekana nchini. George Nichols na Richard Yaxley, waliosoma katika seminari ya Reims, Ufaransa, walikamatwa katika nyumba ya wageni karibu na Balliol. Pamoja nao walikamatwa Thomas Belson na Humphrey Pritchard, mtumishi wa nyumba ile. Tarehe 5 Julai 1589 wote wanne walinyongwa upande wa Holywell Street, njia inayoendelea kutoka Broad Street. Papa Yohane Paulo II aliwatangaza wenye heri mwaka 1987.

Basi, sisi tunaofundisha historia katika seminari twapenda kusimama Holywell tu. Lakini mwanafunzi anayejua wafu wa upande wake peke yao amesoma nusu ya njia. Katika kanisa la Mtakatifu Maria mle Oxford, alimohukumiwa Cranmer, jiwe moja limeandikwa majina ya waliouawa wa pande zote mbili. Nao Mtaguso wa pili wa Vatikano, mwaka 1965, ulifundisha wazi kwamba mtu asishurutishwe katika mambo ya dini. Ukweli wa Mungu hauhitaji kuni wala kamba.