Daktari aliyefuata Nile, akaacha Kigali

Mzungu anayetajwa kuwa mwanzilishi wa Kigali hakuja Rwanda kujenga mji. Alikuja kutafuta chanzo cha Mto Nile. Richard Kandt alizaliwa mwaka 1867 huko Posen, mji ambao leo ni Poznań nchini Poland, katika familia ya Kiyahudi ya akina Kantorowicz. Baadaye alibadili jina na dini pia. Alisomea udaktari, akatibu wagonjwa wa akili huko Bayreuth, kisha mwaka 1897 akaja Afrika Mashariki kwa gharama zake mwenyewe, akaingia bara na msafara wa wapagazi kama ilivyokuwa desturi ya enzi hizo.

Agosti 1898 alifika ndani ya msitu wa Nyungwe, mahali Mto Rukarara unapoanza. Maji hayo huingia Mwogo, yakawa Nyabarongo, yakapita chini ya Mlima Kigali, yakaendelea hadi Akagera na Ziwa Victoria. Kandt alitangaza kwamba hapo ndipo Nile inapoanzia, na mwaka 1904 akachapisha kitabu chake, Caput Nili. Wakati huo alikuwa amekwisha kuishi miaka kadhaa Shangi, kando ya Ziwa Kivu, akikusanya mimea na wanyama. Kima wa dhahabu wa milima ya Virunga bado ana jina lake katika vitabu vya sayansi.

Mwaka 1907 Wajerumani, walioitawala Rwanda kama sehemu ya koloni lao la Afrika Mashariki, waliitoa mikononi mwa wanajeshi wa boma la Usumbura (Bujumbura ya leo), wakamkabidhi daktari huyu. Hakuwa gavana, kwani gavana alikaa Dar es Salaam. Cheo chake kilikuwa Residenti, yaani mtu wa serikali anayetawala kupitia mfalme. Wakati ulimsaidia. Vita vya Maji Maji dhidi ya Wajerumani vilikuwa ndiyo kwanza vinakwisha kusini mwa koloni, na Dar es Salaam haikuwa na hamu ya kuchokoza nchi nyingine yenye watu wengi. Ndiyo maana Rwanda haikutozwa kodi hadi 1914, ilhali kwingineko katika koloni watu walikuwa wakiilipa tangu mwishoni mwa karne ya 19.

Ikulu ya mwami, yaani mfalme, Yuhi Musinga ilikuwa Nyanza. Kandt hakwenda kupanga naye jirani. Alichagua kilima cha Nyarugenge, katikati ya nchi, mbali vya kutosha ili mwami asione kiti chake kimekaliwa, karibu vya kutosha ili barua ifike. Maofisa wake Wazungu walihesabika kwa vidole. Waliojaza kilima hicho, kwa maoni yangu, ndio waliojenga mji hasa: wafanyabiashara wa Kihindi na Kiarabu na Waswahili kutoka pwani na Tabora, waliokuja kununua ngozi na kuuza nguo. Msikiti wa Al-Fatah, katika eneo la Nyamirambo, unatajwa kuwa ulijengwa mwaka 1913. Kiswahili, ambacho Bunge la Rwanda lilikifanya lugha rasmi mwaka 2017, kilikuwa sokoni Kigali tangu siku zile za mwanzo.

Kandt husifiwa kwa upole, lakini sifa hizo zina kasoro moja kubwa. Kutawala kupitia mwami kulimaanisha kumpa mwami bunduki ambazo hakuwa nazo. Kaskazini, ambako watu walikuwa hawajazoea kutii Nyanza, Ndungutse na Basebya waliongoza uasi, na mwaka 1912 Wajerumani wakauzima kwa nguvu kwa niaba ya ikulu. Kandt alikuwa likizoni Ulaya. Aliyeshika nafasi yake, Luteni Gudovius, ndiye aliyeongoza askari. Lakini siasa iliyotekelezwa ilikuwa ya Kandt, na kuwa likizoni hakumfutii mtu hesabu yake.

Vita Kuu vya Kwanza vya Dunia vilimkuta tena kwao. Alihudumu kama daktari wa jeshi, akafa Nuremberg Aprili 1918, akiwa na miaka 50. Wabelgiji walikuwa wameingia Kigali tangu Mei 1916. Nyumba yake ya Nyarugenge leo ni makumbusho: ndani kuna historia ya Rwanda kabla ya ukoloni, ya enzi ya Wajerumani na ya mji wenyewe, na kwa wageni wengi kivutio kikubwa ni nyoka hai waliofugwa hapo.

Wabelgiji, walioichukua Rwanda kutoka kwa Wajerumani, hawakuujali mji wa Kigali. Makao yao makuu yalikuwa Usumbura, na shule kubwa ilikuwa Astrida, ambayo baadaye iliitwa Butare. Uhuru ulipofika mwaka 1962, Astrida ilikuwa na wasomi na majengo, na Kigali ilikuwa na watu elfu chache tu. Serikali mpya ilichagua Kigali hata hivyo, kwa sababu ileile iliyompeleka Kandt Nyarugenge: ipo katikati ya nchi. Sensa ya 2022 ilikuta Kigali ina wakazi zaidi ya milioni 1.7.