Wachoma makala wa Ndola na kifo cha Dag Hammarskjöld

Wazee wa Katanga hawajasahau septemba ya mwaka 1961. Tarehe 13 vita ilianza Elisabethville kati ya askari wa O.N.U. na wale wa Moïse Tshombe, pamoja na wazungu waliokodiwa kwa feza. Tarehe 17 Dag Hammarskjöld, Katibu Mkuu wa O.N.U., akapanda ndege Léopoldville, apate kuonana na Tshombe kule Ndola, katika Rodezia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia, wapatane kusimamisha vita. Kwa kuwa ndege moja ya vita ya Katanga ilikuwa ikiwasumbua askari wa O.N.U., rubani alizunguka mashariki, akinyamaza katika redio. Baada ya saa sita ya usiku alitoa habari kwamba anaona taa za Ndola. Kisha kimya. Ndege ilianguka porini, kilometa 15 hivi toka kiwanjani, na watu 16 ndani yake. Mmoja tu, mlinzi Mwamerika, alikutwa hai; naye akafa hospitalini kisha siku chache.

Waamuzi wa Rodezia walisema ni kosa la rubani. Tume ya O.N.U. ya mwaka 1962 haikukata neno: haikuweza kukana kwamba ndege ilishambuliwa au iliharibiwa kwa makusudi. Basi neno likabaki wazi.

Kisha miaka mingi akatokea Göran Björkdahl, Msuedi. Hakuwa mwamuzi wala polisi, wala mwalimu wa historia. Kazi yake ilikuwa ya misaada katika Afrika. Baba yake aliyekuwa Zambia katika miaka ya 1970 alikuwa na kipande cha bati la ndege ile, chenye matundu madogo. Mwana akajiuliza: matundu haya yametoka wapi? Kwa muda wa miaka mitatu alitumia nafasi zake kuwatafuta wazee wa Ndola waliokuwa porini usiku ule, wengi wao wachoma makala. (Nani kati yetu hawajui watu hawa? Hukesha karibu na tanuru, moto usije ukatoboa udongo na kula kuni zote. Shahidi wa usiku aliye bora kuliko huyo atapatikana wapi?) Wakamwambia waliona ndege ya pili, ndogo, na mwangaza mkali, halafu ile kubwa ikaanguka. Wakasema pia kwamba asubuhi askari walikuwa wamekwisha kuzunguka mahali pale. Lakini serikali ilitangaza kwamba ndege ilionekana mchana tu, saa tisa kupita. Habari hizo zilichapwa Uingereza katika agosti 2011.

Tuzipokee namna gani? Ukumbusho wa miaka 50 si kitu cha kushika bila kupima. Mzee huchanganya aliyoyaona na aliyoyasikia, tena bila kusema uwongo. Kama tungekuwa na maneno ya mwaka 2011 peke yake, mimi ningesita. Lakini Waafrika kadhaa walikwisha kushuhudia ndege ya pili mbele ya tume za wakati ule ule, na waamuzi wa Rodezia hawakuwasadiki. Hata maneno ya yule mlinzi kitandani, juu ya cheche angani, yaliwekwa kando, eti ni ya mgonjwa. Ushuhuda unaweza kuwa dhaifu. Lakini kuukataa kwa sababu ya hali ya mwenye kuusema si kuupima.

Mwaka huo huo wa 2011 Susan Williams, mwanahistoria, alitoa kitabu juu ya kifo hicho. Tume ya wanasheria waliojitolea, chini ya Stephen Sedley, ilimaliza kazi yake mwaka 2013, na O.N.U. ikaifungua tena habari. Aliyepewa mzigo ni Mohamed Chande Othman, aliyekuwa Jaji Mkuu wa Tanzania. Mwaka 2017 aliandika kwamba yaelekea kuwezekana shambulio au tisho toka nje lilikuwa sababu ya ajali. Hakusema limehakikishwa. Toka hapo aliziomba serikali, hasa za Uingereza, Amerika na Afrika ya Kusini, zifungue sanduku za barua zao za siri. Wachoma makala walikuwa wamekwisha kusema yao.