Boda amefika boda

Kamusi za Kiingereza zina "border", yaani mpaka, na "boarder", mwanafunzi wa bweni. Masikioni ni neno moja. Mtaa ukaongeza maana ya tatu kutoka Busia, mpakani mwa Kenya na Uganda, ambako waendesha baiskeli walivusha abiria kutoka kituo hadi kituo wakinadi "boda, boda!" Baiskeli zikageuka pikipiki, jina likabaki.

Huku Kasese, magharibi mwa Uganda, maana zinagongana. Chumvi ya Katwe hupita Bwera hadi mpakani Mpondwe. Ukivuka mto Lubiriha uko Kasindi, Kongo. Mpeleke mgeni asikie: "Boda amefika boda, lakini boda yake imezimika." Mzungumzaji wala hababaiki, maana ngeli imeshamtenga dereva na chombo chake. Kiingereza, maskini, hakina msaada huo.