Mkono wa kuume na mkono wa kushoto: historia iliyopita mezani, kisha masomoni

Kwa Kiswahili chetu cha Kasongo na Kabambare, mkono unaitwa kwa kazi yake. Wa kulia ni mkono wa kula. Wazee wanasema wa kuume, yaani wa mume; ule mwingine ni wa kushoto, na zamani uliitwa pia wa kuke. Mtoto anazaliwa akikuta hukumu imekwisha kukatwa ndani ya jina lenyewe.

Hukumu hiyo ilipata nguvu tangu miaka ya 1870, Kasongo ilipokuwa mji wa Tippu Tip, baadaye wa mwanawe Sefu. Kabambare ilikuwa kituo katika njia ya misafara ya Ujiji. Adabu ya Kiislamu iko wazi: kula, kunywa na kupokea kitu ni kwa mkono wa kuume; wa kushoto ni wa kujitawaza. Penye sahani moja, watu wengi na maji machache, adabu hiyo ina akili yake. Mkono mmoja unabaki safi.

Aprili 1893 askari wa Dhanis waliteka Kasongo. Kisha zikaja shule za Mapadri Weupe, na mwandiko wa Kifaransa unaotoka kushoto kwenda kulia. Mtoto wa kushoto akichovya kalamu katika wino, mkono wake unapita juu ya maneno aliyoandika na kuchafua karatasi. Fimbo ilikuwa karibu. Ajabu ni kwamba madrasani, Kiarabu kinachotoka kulia kingemfaa zaidi mtoto huyo, kwa maana mkono wake unaukimbia wino. Lakini huko adabu ilikataa.

Matokeo yake yalihesabiwa. Mwaka wa 1964, Verhaegen na Ntumba walichapisha utafiti juu ya watoto wa Kongo: wenye kuandika kwa kushoto hawakufika hata mmoja katika mia. Je, Wakongo wanazaliwa tofauti? Hapana. Hata Uingereza, kati ya watu waliozaliwa karibu na mwaka wa 1900, wa kushoto walikuwa kama watatu tu katika mia. Fimbo ilipopungua, wakafika karibu kumi. Watoto hao walikuwepo siku zote, ila walijificha.

Maana mkono hauchaguliwi masomoni. Huko Belfast, watafiti waliotazama mimba kwa ekografia waliona mtoto akinyonya kidole tumboni, mara nyingi cha mkono wa kuume, lakini wengine cha kushoto. Akizaliwa, miezi ya kwanza anashika kwa mikono yote miwili, leo huu, kesho ule. Kati ya mwaka mmoja na nusu na miwili, mmoja unaanza kutangulia. Akiwa na miaka minne hadi sita, jambo limeshatulia. Wengi wa wenye kushoto wana baba na mama wa kuume, basi kumshitaki mama kwamba alimlea vibaya ni kumwonea bure.

Leo maneno hayo yanarudi kwa njia nyingine. Familia zilizokimbia vita huko Salamabila zinakaa nyumbani kwa watu, sahani moja na wenyeji. Mtoto aliyeachwa huru kwao anapigwa kofi mbele ya bugali la wengine, na mama mgeni anaona haya kusema. Mtoto anaweza kufundishwa kwa upole kula kwa kuume, na wengi wanajua. Kalamu na jembe abaki navyo katika mkono wake.

Liko jambo moja ambalo si tabia. Mtoto asiyefika mwaka mmoja, akitumia mkono mmoja tu na ule mwingine unabaki umekunjwa ngumi au umelegea, huyo hajachagua mkono bado. Inaweza kuwa ni uzazi mgumu, au degedege la malaria lililogusa ubongo. Apelekwe kituo cha afya, na mganga aonyeshwe mkono ule usiofanya kazi.