Devika Rani: Binti wa daktari aliyeishia kuendesha studio

DADASAHEB Phalke alipotengeneza filamu ya Raja Harishchandra mwaka 1913, hakupata mwanamke hata mmoja wa kuigiza kama malkia. Hata makahaba aliowaendea walikataa. Hatimaye nafasi hiyo ilipewa mwanamume, Anna Salunke, aliyekuwa mpishi mkahawani.

Durgabai Kamat na bintiye Kamlabai waliuvunja mwiko huo katika filamu ya Phalke iliyofuata, lakini kwa miaka mingi jamaa zenye heshima zao ziliendelea kuiona sinema kuwa mahali pasipomfaa binti wa watu. Ndiposa inastaajabisha kwamba Serikali ya India ilipoanzisha tuzo kwa jina la Phalke, ile ya kwanza kabisa, ya mwaka 1969, ilimwendea mwanamke. Kufikia wakati huo Devika Rani alikuwa amekaa zaidi ya robo karne bila kusimama mbele ya kamera.

Alizaliwa Waltair, kusini mashariki mwa India, mnamo Machi 30, 1908. Baba yake, Kanali Manmatha Nath Chaudhuri, alikuwa daktari mkuu katika jimbo la Madras, na ukoo wao ulihusiana na ule wa mshairi Rabindranath Tagore. Akiwa na umri wa miaka tisa alipelekwa shule ya bweni nchini Uingereza, ambako baadaye alisomea uigizaji, muziki na usanifu wa vitambaa.

Ni huko London alikokutana na Himanshu Rai, mtengenezaji filamu aliyeshirikiana na Wajerumani. Walioana mwaka 1929, na bibi harusi akajifunza kazi ya filamu katika studio za UFA, Ujerumani. Mwaka 1933 wawili hao waliigiza pamoja katika filamu ya Karma, iliyotengenezwa kwa Kiingereza na Kihindi. Filamu hiyo inakumbukwa zaidi kwa busu lake. Madai kwamba lilichukua dakika nne yametiwa chumvi, na wengi husahau kuwa aliyebusiwa alikuwa mume wake wa ndoa.

Mwaka 1934 Rai alianzisha kampuni ya Bombay Talkies huko Malad, nje kidogo ya Bombay, na kumleta mwelekezi Mjerumani, Franz Osten. Devika Rani ndiye aliyekuwa nyota. Hata hivyo, wakati filamu ya Jeevan Naiya ilipokuwa ikitengenezwa, alitoroka na mwigizaji mwenzake, Najmul Hassan. Alishawishiwa akarudi. Hassan alipoteza kazi, na nafasi yake ikajazwa na kijana wa maabara ya kusafishia filamu, Ashok Kumar, ambaye hakuwa na hamu ya kuigiza. Kijana huyo alikuja kuwa mmoja wa waigizaji wakubwa zaidi wa India.

Wawili hao ndio walioigiza katika Achhut Kannya (1936). Humo Devika Rani ni Kasturi, binti wa mlinzi wa kivukio cha reli, wa tabaka lililohesabiwa kuwa najisi, anayependana na kijana wa Kibrahmini. Mapenzi yao yanakataliwa na kila upande, na Kasturi anafia relini akijaribu kusimamisha treni. Kwamba binti wa tabaka la juu, aliyelelewa Uingereza, alikubali kuvaa nguo za msichana huyo mbele ya umma si jambo dogo kwa wakati ule.

Vita vilipozuka mwaka 1939, Waingereza waliwakamata Wajerumani wa studio hiyo. Mei 1940, Rai akafariki. Mjane wake, akiwa na miaka 32, alishika hatamu za kampuni huku wanaume waliomzunguka wakigawanyika makundi mawili. Chini ya uongozi wake ilitolewa Kismet (1943), iliyoonyeshwa kwa zaidi ya miaka mitatu mfululizo katika ukumbi mmoja wa Calcutta. Lakini mwaka huo huo Ashok Kumar na Sashadhar Mukherjee, nguzo za kampuni, walijitenga na kuanzisha Filmistan.

Ni yeye pia aliyemwajiri mtoto wa mfanyabiashara wa matunda, Yusuf Khan, kwa mshahara wa rupia 1,250 kwa mwezi, na kumtaka abadilishe jina. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1944, na wapenzi wa filamu za Kihindi wanamfahamu kama Dilip Kumar.

Mwaka 1945 Devika Rani aliuza hisa zake, akaolewa na mchoraji Mrusi, Svetoslav Roerich, na kuhamia naye Manali, kisha Bangalore. Bombay Talkies haikudumu. Ilifungwa mwanzoni mwa miaka ya 1950.

Alifariki Bangalore mnamo Machi 9, 1994, mwaka mmoja baada ya mumewe. Hawakujaliwa watoto, na mzozo ukazuka juu ya shamba lao la Tataguni. Jimbo la Karnataka lililitwaa kwa sheria maalumu, na Mahakama ya Juu ya India ikaidhinisha hatua hiyo mwaka 2011.